Nilidaka penalti Kibondo, sinema ikaonyesha nimefungwa

Wakuu, mwakeye! Hiyo ni salamu ya kwetu Buha, itikieni tu hata kama hamjaielewa.

Haya yalinikuta mwenyewe miaka ya sabini. Chumvi sijaweka, mkiionja laumuni uzee.

Nilikuwa golikipa wa Kasulu. Timu moja ya Kigoma mjini ikanitaka, wakaahidi na kazi. Shida mama. Kwake mpira ulikuwa uhuni mtupu, na uwanjani hajawahi kukanyaga.

"Mwanaume mzima unajibwaga kwenye vumbi, maharage nivune na nani?"

Baba alishafariki. Bila baraka ya mama singeondoka, na roho iliniuma kwelikweli.

Basi tukaenda kucheza Kibondo. Siku hiyo walikuwepo watu wa sinema kutoka Dar, wanapiga picha za michezo. Mwishoni kabisa Kibondo wakapata penalti. Mpigaji wao alikuwa fundi cherehani wa pale sokoni, ana mguu huo, we acha tu!

Nikaruka, nikadaka. Tukashinda moja bila.

Nikajisemea, mama akiliona hili kwenye sinema, mwenyewe atanifungia mizigo.

Kumbe mpiga picha alikuwa anabadilisha filamu! Akatubembeleza turudie. Tukakubaliana fundi apige taratibu, kuliani kwangu, nidake.

"Usijali ndugu yangu," fundi akaniambia, anatabasamu.

Wakuu, yule bwana alifumua shuti kushoto, juu kabisa! Nikaruka mzima mzima, wapi. Kibondo nzima ikamiminika uwanjani kumbeba. Namgeukia mpiga picha, ananiambia "Safi sana!" na filamu ndiyo imemwishia. Aisee, nilitamani kulia.

Miezi ikapita, gari la sinema likafika Kasulu. Mama akavaa kitenge chake cha kanisani, akaja. Mimi nikakaa nyuma yake.

Mara nikajiona kwenye kitambaa cheupe, naruka. Mpira ukazama wavuni. Vijana wetu wakaanza kelele, "Uongo huo! Si alidaka huyu?"

Mama akasimama, akapiga vigelegele. Akanigeukia, machozi yanamtoka.

"Mwana wanje, mwanangu! Kumbe wavu ule ni mtego wako? Umeunasa mpira! Na wavu wala haujachanika!"

Kijana mmoja akataka kumweleza. Nilimkata jicho akanyamaza mwenyewe.

"Nenda Kigoma," mama akasema. "Maharage nitavuna na dada zako."

Nikaenda, nikadaka miaka mingi. Wale wa sinema nao wakanipenda ninavyoanguka, wakawa wananiita kuigiza. Nimeangushwa kwenye baiskeli, nimeangushwa mtini, hadi mbuzi alishanipiga pembe mbele ya kamera.

Nilichojifunza: anayekupenda akikusifia, pokea. Usahihi waachie marefa.

Mama alifariki akijua mwanawe aliunasa ule mpira.

Haya, nanyi mwageni yenu, mzazi wako alikusifia kwa kosa gani? Watu wa Kibondo pia karibuni, matusi ruksa. Ila atakayeandika hapa kwamba nilifungwa, ajue anabishana na mama yangu.