Nilimuua Shangazi kwa Mdomo, Ikafa Bendi

Msinitafutie udhuru, jamani. Kosa ni langu, na nililitenda mchana kweupe, nikiwa nimeshiba.

Mimi ni mtu wa nyumbani. Sekondari nimemaliza, Kiingereza ninakijua, lakini nikilala nje ya kitanda changu hapa Msambweni ninaamka na homa. Mtu kama huyo, eti akawa mpiga besi wa bendi ya dansi! Chekeni tu.

Kiongozi wetu nitamwita Bakari. Ewe Mola, yule mtu! Atapuliza saksafoni, ataiweka chini ashike tarumbeta, mara amerukia piano. Arusi za Wadigo, karamu za Wahindi, dansi za Uhuru, kote ni yeye. Aliwaigiza mabwana wakubwa wa serikali mpaka wenyewe wakatokwa na machozi kwa kicheko. Wazungu wakitaka dansi yao ya swing, anawapa swing. Kina mama wakitaka chakacha, saksafoni ile ile inawazungusha viuno.

Uhuru ulikuwa bado mchanga hoteli moja mpya ya Diani ilipomwita. Tupige Jumamosi moja ya majaribio. Tukipendeza, tukae msimu mzima, tulale huko huko. Bakari alikuwa ameingoja nafasi hiyo tangu ujana wake.

Tulale huko huko! Nikawaza wali wa nazi wa mama. Nikajiambia besi haisikiki sana, watapiga bila mimi. Asubuhi ya Jumamosi nikamfuata Ukunda, bendi ilipokuwa ikikusanya ala, nimekunja uso.

"Kiongozi, shangazi yangu wa Majoreni amefariki."

Shangazi alikuwa mzima kabisa, anakaanga samaki zake!

Nilitarajia aniambie pole, nenda. Bakari akavua kofia, akawageukia wenzetu. "Fungeni ala."

"Na Mzungu wa hoteli, je?" mpiga ngoma akauliza.

"Mzungu atapata wengine. Mwenzetu ana msiba, sisi tukatikise mabega? Sisi nasi tutazikwa na nani?"

Hapo ndipo ningesema kweli, lakini wapi! Nikasema, "Ahsanteni." Walipotaka kwenda Majoreni, nikaongeza kwamba ameshazikwa.

Basi wakaja kwetu, bendi nzima, na sukari na mchele, wakakaa mkekani kuhani msiba. Bakari akamwendea mama. "Shikamoo, mama. Poleni kwa msiba wa wifi yako."

Mama akanitazama. Akajitanda kanga vizuri, akajibu, "Tumeshapoa, mwanangu." Tangu siku hiyo akiniita kula husema, "Marehemu, chakula tayari."

Hoteli ikachukua bendi ya Mombasa. Meneja akawaambia wenzake kwamba Bakari si mtu wa ahadi, na milango ya Diani ikafungwa yote. Bendi ile sasa ninaisikia redioni! Yetu imesambaratika. Mpiga ngoma anapakia malori Lunga Lunga. Bakari anapima korosho ghalani.

Mtasema nikamwombe radhi. Nilikwenda, wallahi! Nikamkuta mlangoni mwa ghala, wapakiaji wanamtania. "Bwana we, hoteli gani iliyokutaka wewe?"

"Niliiacha mwenyewe," akawajibu, "mwenzangu alipofiwa. Huyu hapa, mwulizeni."

Akanishika bega, kifua mbele kwa fahari. Wale wapakiaji wakaacha kucheka. Mmoja akamwambia, "Hapo, mzee, umefanya utu."

Nami nikasema nini? Nikasema, "Ni kweli."

Nifanyeje, ndugu zangu? Nikinyamaza, ninamwongopea kila anaponipa mkono. Nikisema, ninamnyang'anya hata hilo moja alilobaki nalo. Nimekonda, na siwezi hata kumwambia jirani kwa nini!

Wewe unayesoma, kama hutaki kwenda, sema hutaki. Utaitwa mvivu, utaitwa mtoto wa mama, na yatakwisha. Lakini usizue msiba mbele ya watu wanaojua kuhani. Watakuja. Watakuja wote, na hutaweza kuwarudisha walikotoka.