Bonane ya Tata Dipen

Ndiyo, ni mimi yule mama aliyepeleka kwaya nzima mlangoni kwa mtu siku isiyo yake, na kama mmekuja kucheka, chekeni haraka, maana kichwa siinamishi.

Tata Dipen ni jirani yetu hapa Manika, fundi wa pampu za mgodi, mtu wa Assam kule India, na alipofika alikuwa mpweke mpaka huruma ikanishika, nikamuuliza kwao bonane, sikukuu ya mwaka mpya, ni lini, akasema mwezi wao wa kwanza ni Bohag, unaanza katika mwezi wetu wa nne. Basi, hiyo ikanitosha! (Nani anauliza siku? Mwezi unaanza tarehe moja, hata mtoto anajua.) Nikaita wamama wa kwaya, mimi ndiye présidente wao, tukavaa vikwembe vya aina moja, nikakaanga samaki sinia nzima, na asubuhi ya tarehe moja tukawa mlangoni kwake, ngoma inalia, mtaa wote nyuma yetu.

Akatoka na singleti, mswaki mdomoni.

"Bonane, Tata Dipen!"

"Mama, bado! Bohag inaanzaka katikati ya mwezi yenu. Leo tuko bado mu Sot, mwezi yetu ya mwisho."

Ngoma ikanyamaza. Mama Odile, makamu wangu anayekitolea macho kiti changu, akaangalia sinia, akakumbuka tarehe, siku ya watu kudanganyana, ambayo Wafaransa wanaiita samaki wa Aprili.

"Poisson d'avril!" akapiga kelele. "Présidente anatuletea poisson d'avril, na samaki yenyewe juu! Tuchague mwingine, mwenye anajua kalendari!"

Mtaa ulicheka mpaka wengine wakakaa chini. Masikio yaliniwaka kwa haya, halafu hasira ikanipanda.

"Kalendari gani? Ya kwetu ao ya kwabo? Mi nilikuya kuimba, ntaimba!"

Nikaanza peke yangu, sinia mkononi, na hakuna aliyeitikia. Ndipo Tata Dipen akatoa mswaki, akachukua samaki, akala palepale, akasema tangu atoke kwao hakuna mwingine aliyemuuliza habari za bonane ya kwao. Wamama wakaitikia, Mama Odile wa mwisho.

Katikati ya mwezi tukarudi, tukaimba tena. Siku hizi mtu akinitajia mwezi namuuliza na tarehe, nimekoma. Lakini kiti bado changu, na kila tarehe moja ya mwezi wa nne nakaanga samaki kwa Tata Dipen, na anayebeba sinia ni Mama Odile.