Jitu Lisiloumia Mara Mbili

Kitabu kile alikileta kaka yangu. Alikuwa akisafisha meli bandarini, na mabaharia huacha vitu: magazeti, viatu vya mguu mmoja, biskuti zilizobaki nusu kopo. Safari hiyo akaokota kitabu cha katuni cha Kiingereza, hakina jalada, akampa binti yangu wa miaka sita. Mtoto hajui Kiingereza, kwa hivyo ikawa kazi yangu. Katika nyumba ya wakwe zangu mimi ndiye niliyefika kidato cha nne, na shukrani yake ilikuwa kusomea watu barua zao na kuambiwa mchuzi wangu hauna ndimu.

Adui wa kitabu hicho alikuwa jitu la rangi ya risasi. Mashujaa watano wanalipiga, nalo linaumia kweli, linaanguka, unadhani basi. Funua ukurasa, limesimama. Wakalichoma moto, likaota magamba, moto uliporudi ukateleza juu yake. Wakalitosa baharini, likaota matamvua ya samaki shingoni. Kitu kikishalipiga mara moja, mara ya pili hakilifanyi neno. Waandishi walikuwa na neno refu la Kiingereza kwa jambo hilo. Nilihangaika, mwisho nikamwambia binti yangu, "Limekuwa sugu."

"Sugu kama ya mguu wa bibi?"

"Hiyo hiyo. Kiatu kilimchubua siku za kwanza, ngozi ikawa ngumu, sasa hasikii kitu."

Wiki nzima akawa ananiuliza. Na likipigwa kwa mwiko? Na likinyweshwa pilipili? Halafu akawakasirikia mashujaa. "Wajinga hawa, mama. Mbona wanalipiga kidogo halafu wanaacha?"

Mavyaa, mama wa mume wangu, hakukipenda. "Mwanangu, kitabu hichi kizima masanamu," aliniambia. "Nyumba ya masanamu malaika hawaingii." Nikakitia chini ya godoro.

Masika yakaingia, mtoto akashikwa na homa. Sikushtuka. Malaria hakuna asiyeijua. Nilimpondea klorokwini kwenye kijiko, nikatia sukari, akameza kwa kilio. Siku ya pili mwili umepoa, lakini dawa inamwasha ngozi, anajikuna mpaka anatoka damu. Nikaacha. Ndivyo tulivyofanya sote nyumba ile: homa ikishuka, vidonge vilivyobaki vinaingia kwenye mkebe juu ya kabati, akiba ya mgonjwa mwingine. Baada ya siku kumi homa ikarudi. Nikatoa mkebeni, ikashuka kidogo. Ikarudi mara ya tatu, na safari hii haikushuka kabisa.

"Ni lile sanamu," mavyaa akasema. "Limemvaa mtoto."

Alikwenda kwa mwalimu wake akaja na kombe, aya zilizoandikwa kwa zafarani kwenye sahani nyeupe na kukoshwa kwa marashi. Mtoto akanyweshwa. Mimi kombe silikejeli, nilikunywa mwenyewe kabla ya mtihani. Lakini mtoto alitapika lote, na mavyaa akakitoa kitabu chini ya godoro akakitia jikoni, akachemshia chai. Nilimwambia mume wangu tumpeleke hospitali. Alikuwa anavaa viatu aende kazini.

"Mama anasema tungoje siku tatu, kombe lifanye kazi."

"Siku tatu? Mtazame mato yale! Weupe wote umekuwa manjano!"

"Usinipigie kelele asubuhi," akasema, akaenda zake.

Nikarudi kwenye mkebe. Nikaponda tena, nikapiga goti kwenye mkeka. Mtoto akageuza uso.

"Usinipe hiyo, mama. Homa imeshaijua."

"Imejua nini?"

"Dawa. Tuliipiga kidogo, tukaacha."

Nikakiweka kijiko chini. Miaka minne ya sekondari, biolojia nilipasi, na mtoto wa darasa la kwanza ananifundisha mkekani.

Nikatia buibui, nikambeba. Mavyaa alisimama mlangoni, mkono huku na mkono huku.

"Ukitoka na mjukuu wangu, mumeo nitamwambia nini?"

"Mwambie tuko hospitali."

"Mwanamke sugu wewe!"

"Naam, mama. Nipishe."

Alinipisha. Kwenye uchochoro muuza maji aliyekuwa amekwisha kushusha madebe yake alimtazama mtoto mara moja tu, akatandika gunia juu ya mkokoteni. "Mlaze hapa, mama. Shika kichwa chake." Akatusukuma mbio hadi lango la hospitali.

Daktari alikuwa mtu wa bara, kijana, macho mekundu kwa uchovu. "Umempatia dawa gani?"

"Klorokwini."

"Alimaliza dozi?"

"Alimaliza."

Sauti ikatoka begani kwangu, nyembamba. "Hakumaliza mtu. Ziko mkebeni."

Daktari hakunigombeza, na hilo ndilo lililoniuma zaidi. "Mama, malaria ya siku hizi imekuwa sugu. Hiyo dawa inaichekelea. Na nyinyi mkiipa nusu nusu, mnaifundisha."

Wakamtundikia dripu ya kwinini. Siku mbili hakunijua. Nesi aliniambia damu imepungua sana, kama nina dua niombe. Niliomba, na katikati ya dua nikawa nawatukana watu: mavyaa na chai yake, mume na viatu vyake. Kisha nikafika kwenye mkebe, na mkebe ule niliujaza kwa mkono wangu. Hapo hasira hazikupata pa kwenda. Hazijapata mpaka leo. Siku ya tatu asubuhi mtoto akafumbua macho, akauliza kama kuna mahamri.

Tulirudi nyumbani na vidonge vya kwinini vya kumalizia. Siku ya tatu nyumbani alikuwa anaruka kamba uchochoroni. Mavyaa akamtazama dirishani, machozi yakimlenga.

"Kapona, alhamdulillahi. Hivyo vinne vilivyobaki tuviweke, mwanangu. Huwezi jua."

Mkono wake ulikuwa umeshanyooshwa, kwa wema kabisa.

"Dawa yenyewe inamliza masikio," mume wangu akaongeza. "Usimtese."

Nikaponda kimoja kwenye kijiko. Nilitoka nikamwita mtoto. Akaja, akaona kijiko, akafumba mdomo. Nikambana pua. Akaning'ata kidole, akanipiga teke la paja, akameza. Akanitazama kama ninavyomtazama baba yake.

"Bado vingapi?"

"Vitatu."