Sabuni Aliyoing'ata Mtani Wangu

Vijana wa ofisini walipokuwa wakiniuliza nilisomea wapi kazi ya matangazo, walitegemea niwatajie Nairobi, au hata Ulaya. Nilikuwa nikiwajibu kwamba nilisomea sokoni Mtendeni, Tabora, kwa mama muuza vitumbua aliyenitukana mbele za watu. Walicheka, wakidhani mzee anajifurahisha. Lakini mimi mpaka leo nikimkumbuka mama yule mwili unanisisimka.

Ilikuwa enzi za Mwingereza, katika miaka yake ya mwisho. Kampuni ya matangazo kutoka Nairobi ilileta gari lenye tarumbeta kubwa la chuma juu ya paa, kutembeza sabuni mpya ya kufulia. Walitaka kijana wa kusema. Mimi nilikuwa nikisoma masomo ya Jumapili katika kanisa letu la Kimoravian, na sauti yangu iliwafikia hata waliochelewa wakasimama nje. Nikachukuliwa kwa majaribio. Sabuni ikiuzika katika safari ile, nimepata kazi. Isipouzika, narudi kijijini kwenye karanga.

Siku ya kwanza niliposikia sauti yangu ikitoka juu ya paa, niliogopa. Nilisema neno moja tu, na akina mama waliokuwa ng'ambo ya reli wakageuka. Nani amenipa koo kubwa namna hii? Nilishika kile kipaza sauti kwa mikono miwili kama mtoto aliyepewa yai. Baba yangu, mtu ambaye hakuwahi kujisifu maishani, alizunguka kijiji kizima akisema mwanawe anasemesha chuma. Hapo ndipo mambo yaliponiwia mazito. Nikirudi na jembe begani, aibu haitakuwa yangu, itakuwa yake.

Meneja wetu alikuwa Mwingereza mwenye Kiswahili cha Nairobi, kile kisichojua tafadhali. Hakuwa mtu mbaya. Alinifundisha mambo mawili: niseme kwa furaha, na nisiseme kamwe "sabuni hii", niseme "sabuni yetu". Nikasema hivyo mpaka nikawa naisema usingizini.

Tulianza Igalula, kwenye stesheni ya reli. Watu walifurika. Walilitazama tarumbeta, wakachungulia chini ya gari kumtafuta anayesema. Nilipowaamkia waliitika kwa pamoja, wakangoja niwaulize habari za nyumbani, za mvua na za mifugo, kama afanyavyo mtu aliyelelewa. Mimi nikarukia sabuni. Wakatazamana. Mzee mmoja akanisogelea, akaniambia kwa upole kabisa, "Mwanangu, kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza. Na hii yenu imetembea toka Nairobi?"

Watu walicheka, wakaenda zao. Hatukuuza kitu. Njiani kurudi Tabora nililiona jembe langu likiningoja nyuma ya mlango.

Kesho yake tukaegesha Mtendeni. Tulipanga miche ya sabuni juu ya meza, nikaanza kuisifu. Soko liliendelea na shughuli zake. Watu walinipita kama wanavyopita nguzo ya simu. Ndipo nikasikia sauti ya mwanamke, bila chuma chochote, ikinifunika mimi na tarumbeta langu.

"Ebo! Huyo si Mnyamwezi huyo?"

Alikuwa mama wa Kizaramo, mtu wa mtaa wa Ng'ambo, ambaye wazazi wake walipanda na misafara kutoka pwani wakalowea Tabora. Alikuwa na sinia la vitumbua kichwani. Mnyamwezi na Mzaramo ni watani tangu njia ile ya misafara ilipokanyagwa na babu zetu, na mtani hutukanwa, na kitu chake huchukuliwa, na akikasirika ndiye mwenye makosa. Mimi hayo niliyanyonya na maziwa ya mama.

"Ndiye," nikamjibu katika kipaza sauti. "Unasemaje, Mzaramo?"

"Babu yako alibeba pembe kichwani mpaka Bagamoyo," akapaza, "akaiona bahari, akauliza na hii nani anaibeba! Leo mjukuu anabeba sabuni ya Mzungu mdomoni! Upagazi hauwatoki?"

Soko likalipuka. Nikamwambia babu yangu alibeba kwa sababu babu yake alikuwa amelala chini ya mnazi, akingoja nazi ianguke na ijikune yenyewe. Watu wakaacha mizani, wakaacha majamvi yao ya dagaa, wakaja. Akatua sinia, akachukua mche mmoja mezani, akaung'ata pembeni mbele ya watu wote, akatema. "Mbaya kuliko mapishi ya mama yako!" akasema. Kisha akauchomeka mche ule kwenye khanga, akajitwika sinia lake, akaondoka kwa maringo.

Sijawahi kuona kitu kama kile. Mama mmoja, kwa mdomo wake tu, aliligeuza soko zima likanitazama mimi. Nilihisi ardhi ya Tabora inatembea chini ya viatu vyangu. Mikono ilianza kunyooshwa kuelekea mezani.

Na hapo meneja akapiga kelele, "Mwizi!"

Yeye aliona alichokiona: mwanamke ametukana kampuni, amechukua mali, ameondoka. Askari mmoja, mgeni wa kule kusini asiyejua utani wetu, akamshika mkono. Nikapiga kelele kwamba huyo ni mtani wangu, lakini kwa fadhaa nilikuwa nimekiweka chini kipaza sauti, na bila chuma nani angenisikia?

Kituoni alikaa kwenye benchi ametulia, sinia magotini, kana kwamba amekuja kuwauzia vitumbua. Sajini akafungua daftari la maelezo. Meneja akanigeukia. "Sema," akaniambia. "Sabuni alilipa au hakulipa?"

Nilijua nikisema hakulipa tu, nikanyamaza, kazi ni yangu na yeye analala ndani. Nilimwona baba yangu akizunguka kijijini. Nilimwona pia akisikia kwamba mwanawe amemfunga mtani wake.

"Hakulipa," nikasema. "Mtani halipi. Amechukua changu."

"Si yako. Ni ya kampuni."

"Bwana," nikamwambia, "umenifundisha niseme sabuni yetu. Nimesema Igalula, nimesema Mtendeni. Kama sina sehemu hata ya mche mmoja, basi nimekuwa nikiwaongopea watu, na wa kufungwa ni mimi."

Meneja akawa mwekundu. Mama yule, kwenye benchi, akageuza shingo kuelekea dirishani. Ndipo nasi tukasikia kelele za nje. Sajini akafungua dirisha. Soko lilikuwa limetufuata. Baraza ya kituo ilijaa, na nyuma ya baraza barabara, na wote walikuwa wanataka mambo mawili: mama yao, na ile sabuni ya mtani iko wapi, wainunue.

Meneja akasogea dirishani. Akavua kofia. "Mwachie," akamwambia sajini, halafu akaniuliza kwa sauti ndogo, "Hawa wote, amewaita yeye?" Nikasema ndiyo. Akatikisa kichwa, na nikaona kwamba naye ameshikwa na kile kilichonishika mimi sokoni.

Kazi nikaipata. Miaka yote iliyofuata, hata nilipopewa ofisi na watu chini yangu, sikuwahi kukusanya umati kama ule.

Masika yaliyofuata baba yangu alifariki. Nilikuwa safarini Nzega na gari, nikafika msiba umejaa. Nilikaa na wanaume, macho makavu, nikipokea pole na kupanga mambo, kwa sauti ile ile ya kazini. Ndipo nikamwona Mzaramo wangu anaingia uani, kaja kwa miguu toka mjini, matope mpaka magotini.

"Shikamoo, mama," nikasema, maana ulimi ulisahau utani.

Hakuitikia. Alifungua pindo la khanga, akatoa mche wa sabuni, mzima, haujaguswa na maji, una alama za meno pembeni. Akawakabidhi wazee waliokuwa wanakwenda kumwosha baba.

"Nilisema haifai kitu," akawaambia. "Leo ifanye kazi."

Kisha akanigeukia.

"Nawe lia, Mnyamwezi. Hapa hakuna chuma cha kukusemea."

Nikalia.