Eda ya Safa, Mcheza Sinema wa Ibra

Safa hajui kukaa. Miaka kumi na minane tumepakana vibanda katika soko la wanawake la Jumatano hapa Ibra, yeye akiuza suruali za kike zenye tarizi za miguuni, mimi hina na ubani, na sijapata kumwona akimaliza kikombe cha kahawa akiwa ameketi. Anasimama, anapanga alivyokwisha kupanga, anakwenda kibanda cha tatu kuuliza asichokitaka, anarudi. Siku moja nilimwambia, "Wewe mwanamke, umekalia siafu?" Akacheka mpaka akakaa. Kidogo tu.

Sokoni kwetu wanaume hawaingii, na kamera haziingii, kwa hiyo wengi wamenunua suruali kwake bila kujua kwamba uso ule ulibandikwa kwenye mabango huko Japani. Linalowashangaza ni ulimi wake. Mjapani mzima anakuuliza, "Je, bibi, u hali gani?" kama mtu wa Unguja ya zamani. Alifundishwa na mama mkwe wake, Bi Fakhriya, aliyezaliwa huko na kuja Omani akiwa mama wa watoto. Kiarabu anakijua Bi Fakhriya, ila nyumbani hakitaki. Watoto wake wengine wakakimbilia Kiarabu, wajukuu ndiyo usiseme. Akabaki mkwe.

Jina lake la kwanza ni Natsue. Kwao ni mji wa baridi upande wa kaskazini, baba yake akitengeneza mapipa ya mbao. Alipokuwa na miaka kumi na minane alikuwa akikimbilia treni, na mwongozaji sinema, Bwana Tokuda, akamwona kutoka dirishani. Treni ilimwacha, kazi ikampata. Akacheza sinema kumi na tano katika miaka kumi na tatu, na zote alikimbia. Mara ni msichana anayepeleka habari, mara ni mke anayemtoroka mume, mara ni mjakazi na nyumba inaungua nyuma yake. Moja ilimkimbiza kwenye theluji siku nne na viatu vya majani. Nilimuuliza, "Hukupewa hata moja ukalala kitandani ukaumwa?" Akasema, "Nilipewa moja ya kukaa. Nikashindwa."

Ni kweli alishindwa. Bwana Tokuda alimwandikia sehemu ya mke anayemngoja mumewe katika nyumba ya wageni ya mbao, na mume harudi. Hakuna maneno. Akae tu dirishani. Walirudia mara ishirini na tatu, na kila mara mzee akasema, "Miguu imetulia, macho yanakimbia." Safa akavua kimono akaondoka. Sinema ikatoka bila sehemu ile. Mwezi uleule akakutana na Nasr, fundi wa gesi wa Sur aliyepelekwa kwao kusoma kazi. Akasilimu, akaitwa Safa, akaolewa, akakaa Sur, kisha wakahamia Ibra kwa mama mtu.

Nasr alifariki mwaka huu, tarehe tatu Mei, moyo. Safa akaingia eda: miezi minne na siku kumi, mjane hatoki nyumbani bila dharura, hajipambi, hatii manukato. Kwa wengine ni kupumzika na kulia. Kwa Safa ilikuwa kuufunga upepo kwenye mfuko. Alizunguka ua asubuhi, akazunguka alasiri, ndara zikakatika akavaa nyingine. Nikimletea suruali za kutarizi anamaliza sita kwa siku, anafumua mbili, anazianza upya. Bi Fakhriya, mama wa marehemu, amekaa kwenye mkeka wake anamfuata kwa macho kama mtu anayeangalia mpira.

Mwezi wa saba ukaja ujumbe. Bwana Tokuda ana miaka themanini na sita na anataka kuipiga upya sehemu ile, mke akiwa mzee sasa, dirisha lilelile. Lakini nyumba ile ya mbao inabomolewa tarehe kumi na mbili Septemba. Wenyewe wamempa siku moja tu, tarehe kumi na moja.

Maram, mtoto wa shemeji yake, anafanya kazi benki na kila kitu anakiuliza simu. Akaiuliza. "Khalas, shangazi. Tatu Mei, miezi minne, siku kumi. Unatoka tarehe kumi na tatu Septemba." Mimi nikachukua kalamu nyekundu nikaizungushia ile kumi na tatu kwenye kalenda ya ukutani. Mwenyewe, kwa mkono wangu.

Safa akaitazama duara ile mwezi mzima. Jumatano ya kwanza ya Septemba nilipitia kwake nikitoka sokoni, akanivuta jikoni.

"Zuleha, nikitoka siku nne kabla, nani atajua?"

"Nasr hatajua, amekufa," nikamwambia. "Bi Fakhriya atajua. Na wewe utajua, na utakaa dirishani na macho yako yatakimbia kuliko zamani."

Ulimi wangu huu nimezaliwa nao, Tabora na Ibra hapajapatikana wa kuukata. Alasiri ile akamwandikia mzee kwamba haji. Akajibiwa neno moja: sawa. Akaenda uani. Hakuzunguka. Alisimama karibu na tangi la maji, mikono imening'inia, na hapo ndipo nilipoogopa.

Maulidi yalikuwa Ijumaa. Jumamosi nikaenda kumsalimu Bi Fakhriya.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Keti, unanizibia mwanga."

Nikaketi nikamwaga yote. Kwamba mkwewe anakauka, kwamba mzee wa watu huko ameshakubali, kwamba ni bahati mbaya tu, laiti kumi na tatu ingekuwa tisa.

"Kumi na tatu ya nini?"

"Ya Septemba, bibi."

Aliniangalia kama niliyemwagia mchuzi kwenye msala wake wa kuswalia. "Eda ya mwanangu mnaihesabu kwa Septemba?"

Akatoa vidole kwenye shela, kimoja kimoja, akihesabu miezi ya Kiislamu inayofuata Ramadhani. "Nasr kafa mwezi tano, siku ya tano ya Mfunguo Pili. Mfunguo Tatu, Nne, Tano, Sita. Mwezi tano Mfunguo Sita miezi minne imetimia. Ongeza kumi. Jana mmekula halua ya Maulidi, mwezi ulikuwa ngapi?"

"Kumi na mbili."

"Basi. Keshokutwa jua likichwa, katoka."

Keshokutwa ni Jumatatu, tarehe nane. Eda ni ya mwezi wa mbinguni, mtoto wa chuoni anajua. Sisi tuliuliza simu ya benki.

"Mbona hukusema, bibi? Kalenda iko ukutani hapo."

"Hamkuniuliza." Akarudisha vidole ndani ya shela. Kisha akasema polepole, akiutazama mlango wa jikoni, "Na akenda asirudi, humu nitazungumza na nani? Na Maram? Ananijibu kwa vidole gumba."

Safa alikuwa amesimama mlangoni na sinia. Sijui alisikia kuanzia wapi. Aliweka sinia chini, akaketi mkekani karibu na mkwewe. Halafu akauliza, "Mama, utaniruhusu?"

"Mimi nani nikuzuie. Usile baridi za watu tu. Na urudi."

Alipiga simu kwa mzee mbele yetu. Mazungumzo yalikuwa mafupi, mzee akikohoa zaidi ya kusema. Jumatatu jua lilipozama akaoga, akavaa nguo mpya, Bi Fakhriya mwenyewe akamfukiza udi. Asubuhi yake Yazeed, mwana wa Safa anayefanya kazi Sur, akaja kumchukua, maana alikwisha kuomba ruhusa kazini amsindikize Japani. Safa alisahau miwani, akarudi, akasahau shela, akarudi.

Alhamisi Yazeed akatutumia picha kutoka huko kwenye simu ya Maram. Chumba cha mbao, dirisha, mwanamke wa makamo amekaa. Anasema walipiga mara moja tu, na mzee Tokuda aliwapungia mkono tu wazime taa. Nikampa Bi Fakhriya simu. Akaisogeza mbali, akaileta karibu.

"Nani huyu?"

"Mkweo."

"Katulia hivi?"

Hiyo ni wiki ya pili sasa, na Safa bado yuko kwao. Kila alasiri naenda kumzungumzisha Bi Fakhriya, maana nilimwahidi Safa. Kiswahili changu cha Tabora ananisahihisha neno kwa neno, hata salamu. Safa na arudi upesi, kabla sijavunja udugu na mtu wa miaka themanini na minane.