Siku Kondoo wa Posa Alipopasuliwa Kaudali

Nimezeeka, na mzee hupewa heshima nyingi ambazo nyingine hakuzifanyia kazi, lakini kuanzia Ngaramtoni mpaka kingo za mto Ngarenaro wako bado watu wachache wa rika langu wanaoniita Bwana Kaudali, na wajukuu wakiuliza jina hilo limetoka wapi wale wazee hunitazama mimi, nami najifanya natafuta ugoro mfukoni. Leo nalisimulia mwenyewe kabla wengine hawajalitia chumvi, ingawa mtaona kwamba halihitaji.

Ilikuwa zamani za Mdachi, kabla ya vita. Nilikuwa nimemaliza shule ya misheni na kuongezewa masomo ya juu ili niwe mwalimu, lakini daktari wa mifugo wa serikali pale bomani Arusha alitafuta mtu anayejua kusoma, kuandika na kushika ng'ombe, na kwa kuwa walimu walikuwa wengi kuliko makoti, nikachagua koti. Lilikuwa la kaki, lenye mifuko minne na vifungo vya shaba, na nilikuwa nalivaa hata jua lilipokuwa linawaka mpaka kuku wanatweta.

Daktari yule alikuwa mtu wa haki lakini mgumu wa maneno. Hakuvumilia mtu aseme "mbele" au "nyuma" mbele ya mnyama. "Nyuma ya nani?" alikuwa akiniuliza. "Mimi niko nyuma yako, wewe uko nyuma ya ng'ombe, na ng'ombe amegeuka." Basi akanifundisha neno lao la udaktari, kaudali, maana yake ni kuelekea mkiani, na uzuri wake ni kwamba halibadiliki hata mnyama akisimama, akilala au akiwekwa miguu juu, mkia ni mkia. Akanifundisha na namna ya kulitumia: unataja kwanza pa kuanzia, ndipo unasema kaudali, ndipo unataja mwisho. Kutoka kwenye bega, kaudali, vidole vitatu, hapo sindano inaingia. Bila mwanzo na mwisho, alisema, neno hili ni kama kumwonyesha mtu njia ya Moshi bila kumwambia anakwenda kwa nani.

Sehemu ya maana ya neno niliishika siku hiyo hiyo. Ile ya matumizi niliiandika kwenye daftari, na daftari nikaliacha bomani.

Nikaanza kulipeleka neno kila mahali. Punda wa jirani akigoma nilisema asukumwe kutoka kaudali. Mama akinituma nimfunge mbuzi nilimwuliza kamba ipite kaudali ya nini, naye akamwambia baba kwamba mtoto ameanza kusali Kidachi. (Baba alisema heri kusali kuliko kunywa. Hakujua kitakachofuata.)

Sasa nilikuwa nimemchumbia msichana anayeitwa Nasieku, binti wa Mzee Loserian, upande wa Ngaramtoni. Nitasema kwa kifupi tu kwamba nilimpenda, kwa sababu ndicho kilichokuwa hatarini siku ile, wala si koti. Wazee walikuwa wamekwisha kukubaliana. Kilichobaki ni mimi kupeleka kondoo dume wa posa, achinjwe nyumbani kwao, nyama igawanywe kwa desturi, na wakishakula ndiyo imekwisha, msichana ni wangu.

Na desturi yenyewe si ngumu, hata asiyesoma anaijua. Kidari kinatolewa kwanza, kizima, bila kukatwa hata kidogo, kinapewa baba wa msichana. Mkia wa mafuta unatolewa mwisho, mzima pia, unapewa mama yake. Tumbo linafunguliwa taratibu, vidole viwili vikiwa chini ya kisu. Na mchumba? Mchumba kazi yake ni kuinamisha kichwa aguswe utosini na wakwe, kukaa alipoonyeshwa, na kunyamaza. Anayesema kwa niaba yake ni mshenga, na mshenga wangu alikuwa Baba Mkubwa, kaka wa baba yangu, ambaye njia nzima alinirudia neno moja tu, kwamba leo ulimi uuache nyumbani.

Niliuacha mpaka kondoo alipokwisha kuchunwa. Alikuwa kondoo mnono, mkia wake umejaa kama mto wa kulalia, na amelazwa juu ya majani mabichi ya mgomba, wanaume wamemzunguka, wanawake wako nyuma ya nyumba na chungu cha kuyeyushia mafuta kimekwisha kuoshwa. Mwenye kisu alikuwa Lomnyaki, mdogo wake Mzee Loserian, mtu wa mzaha. Akanitazama pale nilipokaa na koti langu limefungwa vifungo vyote, akasema, "Haya, msomi, huko bomani mnapasuaje?"

Ndugu zangu, lilikuwa swali la kuchekesha watu. Jibu lake lilikuwa kutabasamu na kutazama chini. Baba Mkubwa alinikanyaga mguu. Lakini pale nyuma ya nyumba nilikuwa nimeona kitambaa cha Nasieku kimesimama kwenye kona, kinasikiliza, na mimi, kwa ajili ya kile kitambaa, nikajibu.

Nikasema bomani hatupasui kwa kubahatisha, kuna utaratibu, kisu kinaanzia kifuani hapa katikati, halafu kinakwenda kaudali.

"Ndiyo wapi?" akauliza Lomnyaki.

"Kuelekea mkiani."

"Mpaka wapi?"

Hilo ndilo swali. Mtu ambaye hajawahi kukaa darasani aliuliza jambo lile lile ambalo daktari alinifundisha nami nikaliacha kwenye daftari. Na mimi nilikuwa natazama kitambaa, nikamwambia, "Wewe nenda tu kaudali."

Akaenda. Sijui kama alitii kwa mzaha au kwa sababu ya lile koti, maana watu siku hizo waliogopa vifungo vya shaba kuliko chui, lakini alishika kisu kwa mikono miwili akaenda kaudali kwa moyo wote. Kidari kikagawanyika vipande viwili. Tumbo likafunguka kwa mara moja, uchafu wake ukatoka, nyongo ikapasuka, na kisu hakikuwa na amri ya kusimama, kikaendelea na nyongo yake na uchafu wake mpaka kikaupasua ule mkia wa mafuta katikati, ukafunguka kama kitabu.

Halafu mzee mmoja wa jirani akasema polepole kwamba yeye aliwahi kuona mnyama akipasuliwa hivyo, ni wale wanaopasuliwa na daktari baada ya kufa, kutafuta ugonjwa.

Na ni kweli. Ndiyo namna pekee niliyowahi kuona bomani. Nilikuwa nimeamuru kondoo wa posa yangu mwenyewe apasuliwe kama mzoga.

Kilichofuata sikuweza kukizuia, nilijaribu, kila neno nililoongeza lilizidisha moto. Mmoja aliuliza kama kondoo alikuwa mgonjwa. Nikasema hapana. Akauliza kwa nini basi amepasuliwa kidaktari. Mwingine akauliza kama nimetumwa na boma kukagua mifugo ya Ngaramtoni kwa hila ya kuchumbia. Nikafungua koti nionyeshe kwamba sina karatasi yoyote, na kwenye mfuko wa ndani mlikuwa na karatasi (orodha ya ng'ombe wa sehemu nyingine kabisa, naapa), na yule mzee wa jirani alipoiona aliinuka bila kuaga, na muda si mrefu tukasikia kengele za ng'ombe wake zikipanda mlimani kuelekea msituni kwa haraka ambayo ng'ombe hawana kwa kawaida. Wengine wawili wakamfuata. Nyama haikuliwa na mtu. Mama yake Nasieku alitoka, akautazama mkia, akakigeuza kile chungu kikatazama chini, akarudi ndani.

Mzee Loserian alinyanyua nusu ya kidari, akaitazama, akairudisha juu ya majani.

Hapo ningeweza kupona bado. Baba Mkubwa alirudi kwa Mzee Loserian kesho yake peke yake, akakaa naye mpaka jioni, akaja kuniambia kwamba mzee hana kinyongo cha kudumu, Jumapili baada ya ibada niende nyumbani kwake bila koti, niinamishe kichwa, niseme nimekosa. Basi. Hakutaka kondoo mwingine, hakutaka maelezo.

Lakini mimi nilikuwa nimesoma, na msomi ana ugonjwa wake. Nililala siku tatu nikiwaza kwamba nimekosa nini hasa, maana neno lilikuwa sahihi, mkia ulikuwa upande ule nilioutaja, aliyekwenda mno ni Lomnyaki. Nikaandika barua. Kurasa mbili, kwa wino, nikieleza maana ya kaudali na matumizi yake, pamoja na picha ndogo ya kondoo yenye mshale. Neno "samahani" halikuwamo. Nililitafuta baadaye kwenye nakala yangu, nikasoma mara tatu, halikuwamo.

Mzee Loserian hakujua kusoma, kwa hiyo barua niliipeleka kwa mwalimu wa usharika amsomee, nikidhani atamsomea pembeni. Mzee akasema kama ni barua ya mambo yaliyofanyika mbele ya watu, isomwe mbele ya watu. Ikasomwa nje ya kanisa Jumapili, watu wote wamesimama, na mimi niko mwisho kabisa wa kundi (kaudali, tuseme). Picha ilipitishwa mkono kwa mkono. Watoto walitaka kuiona mara mbili.

Mzee akamwomba mwalimu arudie ile sehemu ya matumizi. Akasikiliza ameinamisha sikio kama mtu anayenunua ng'ombe. Mwalimu alipomaliza, mzee akasema, "Sasa nimeelewa. Mwambieni kijana hivi: kuanzia kwenye kizingiti changu, kaudali, mpaka bomani kwa bwana wake."

Watu walicheka mpaka wengine wakakaa chini, na mimi katikati ya aibu ile nikatambua kwamba mzee asiyejua kusoma amelitumia neno lile bila kosa, mwanzo wake, mwelekeo wake na mwisho wake, na mimi mwenye daftari sikuwahi kulitumia hivyo hata siku moja.

Nasieku aliolewa na mtu wa upande wa juu, mfugaji, asiyesema sana. Vita vikaja, daktari akaondoka, koti likaliwa na nondo. Nami nilioa baadaye, mwanamke mwema, sina la kulalamika.

Miaka mingi baadaye nilikutana na Nasieku sokoni Ngaramtoni, tumeshakuwa wazee wote wawili, yeye ana wajukuu wawili wanamshikia kikapu. Tukaulizana habari za nyumbani, za mvua, za magoti. Nilitaka kuagana, akanizuia kwa mkono.

"Ile Jumapili," akasema, "baba alikuwa amemfunga kondoo wake mwenyewe mlangoni. Ukiinama tu, achinjwe. Alimfungua jua lilipozama."

Nikamwambia, "Nilikosa, Nasieku." Akasema anajua, akachukua kikapu chake.

Siku hizi nyumbani kwangu pakichinjwa, vijana hunipa kisu kwa heshima na kuniuliza babu tuanzie wapi. Kisu nawarudishia. Nawaambia mimi nitashika mguu, tena ule wa nyuma, na nikishaushika nafunga mdomo mpaka nyama iwe kwenye sahani za watu.