Pua ya Pacha wa Taiwo

Zamani kule Mibirizi nilipaka rangi mlango wa kanisa bila kutumwa, padri akanisifu mbele ya watu wote. Sifa ile ndiyo iliyoniponza! Tangu hapo nikiona ubao mkuukuu mkono unaniwasha.

Basi majuzi, hapa karakanani kwangu Kamembe, Papa Taiwo, yule Myoruba muuza vitenge, akaniletea kisanamu cha mti. "Mzee, tia gundi kwa mguu tu."

Nikatia. Lakini uso ulikuwa umelika, hauna macho wala pua. Nikauhurumia, nikauchonga upya, nikapaka vanishi, nikajisifu kama jogoo.

Papa Taiwo aliporudi akakiona, alikaa chini. "Mzee, mutoto wangu iko wapi?"

"Si huyu? Sasa iko na pua!"

"Pacha wa Taiwo, mutoto wangu, alikufa. Kwetu pacha akikufa, mama anachongewa sanamu, anaiosha, anaipaka mafuta kila siku. Ile pua, ni vidole vya mama yake vilimaliza. Na ule mama nilishamuzika."

Nikasema, mjinga mimi, "Nitaikwangua hiyo pua, papa."

Akakifunga katika kitenge, akakikumbatia kifuani, akaenda. Hajarudi tena.